Podkasti ya marehemu Dokta Mosley: nimeisikiliza mwaka mzima, haya ndo maoni yangu

Naomba nianzie saa tisa usiku maana ndo saa niliyokuwa naamka kila siku tangu baba afariki. Hakuna kilichoniamsha, sio mbu sio mlango, macho tu yanafunguka na kichwa kinaanza kupiga hesabu, kodi, ada ya mdogo wangu, zile siku za mwisho za mzee wodini, maneno ambayo sikumwambia, basi hapo mpaka adhana ya alfajiri nipo tu nalitazama feni. Kazi yangu ni kupokea simu za wateja, unaongea na watu wenye hasira masaa nane, sasa ukienda hujalala siku ya tatu mfululizo hata sauti inakukimbia. Binamu yangu aliyeko Leicester ndo akanitumia linki whatsapp akaandika sikiliza hii ni robo saa tu, usinijibu mpaka umalize. Nikaisikilizia kwenye daladala ya Mbagala, foleni imegoma pale Mtoni kwa Azizi Ally, na toka siku ile sijaiacha, ni mwaka na kitu sasa, vipindi nimesikiliza karibu vyote na vingine nimerudia mpaka navijua kwa moyo. Huwa naandika maoni ya simu na ya sehemu za kula, ila hiki kitu kimenisaidia kuliko simu yoyote niliyowahi kununua kwa hiyo mtanivumilia urefu.

Inaitwa Just One Thing, kwa kwetu ni jambo moja tu, ni kipindi cha BBC Radio 4 kilichoanza 2021, na mtangazaji wake alikuwa Michael Mosley, daktari kwa kusomea ila mwandishi wa habari za sayansi kwa kazi ya maisha yake yote. Kila kipindi anachukua kitu kimoja kidogo ambacho mtu wa kawaida anaweza kukifanya leo hii bila kununua mashine, kutembea asubuhi, kusimama kwa mguu mmoja, kuimba, kujifunza lugha mpya, kuoga maji ya baridi, anakifanya mwenyewe, anamtafuta mtu mmoja wa kawaida naye akijaribu kwa siku kadhaa, alafu anamtafuta mwanasayansi anayekitafiti kitu hicho anamuuliza kinafanyaje kazi huko ndani ya mwili. Basi, imeisha. Bei ni bure, unaipata kwenye app yoyote ya podkasti, na ukidownload kwa wifi ya kazini kila kimoja ni MB kumi na kitu tu. Kiingereza chake ni cha taratibu na kinaeleweka, haongei kama anakimbizwa, na hata ukiwa umesoma hizi shule zetu za kata utamfuata vizuri.

Kipindi kilichonibeba mimi ni cha kupumua. Mosley mwenyewe alisumbuliwa na usingizi kwa miaka mingi na hafichi, anasimulia anavyoamka usiku wa manane mawazo yanamzunguka, nilivyosikia hapo nikaongeza sauti. Anachofanya ni hesabu ya nne mbili nne: unavuta pumzi kwa hesabu ya nne, unaishikilia mbili, unaitoa taratibu nne, unarudia kwa dakika kadhaa. Kiukweli ningeambiwa hivyo na mtu wa mtaani ningempita. Ila ye hakuishia kwenye fanya hivi, akamleta Profesa Ian Robertson wa Trinity College Dublin akaeleza kuwa kuna kijisehemu kidogo sana kwenye shina la ubongo kinachotoa noradrenalini, ile kemikali inayokuweka macho na kwenye tahadhari, na kijisehemu hicho kinafuatilia kiasi cha hewa ya kaboni kwenye damu, kwa hiyo jinsi unavyohema inakigusa moja kwa moja. Nikaelewa kitu ambacho hakuna aliyewahi kunielewesha, kwamba huwezi kuuamrisha ubongo tulia, nimejaribu miezi na miezi, haukubali, ila mapafu unaweza kuyaamrisha, na kupitia mapafu unaufikia ubongo kwa mlango wa nyuma.

Matokeo nawaambia kama yalivyo. Sijaacha kuamka saa tisa. Naamka bado, siku tatu nne kwa wiki, lakini zamani nilikuwa nakaa macho mpaka alfajiri na sasa hivi nahesabia vidole, nne mbili nne, na mara nyingi sifiki dakika ishirini nishapotea. Ilichukua kama wiki mbili kukubali, siku za mwanzo nilikuwa naona napoteza muda. Nikachanganya na kile kipindi cha kutembea asubuhi mapema, ambacho anaeleza kuwa nyuma ya jicho kuna seli ambazo kazi yake sio kuona vitu, ni kupima mwanga na kupeleka taarifa kwenye saa ya ubongo, na mwanga wa nje hata kukiwa na mawingu unazidi taa za ndani mara nyingi sana, kwa hiyo ukiupata mapema saa ya mwili inajipanga na usiku usingizi unakuja kwa wakati wake. Nikaacha bodaboda ya asubuhi, natembea mpaka stendi, dakika kumi na tano. Sijui kipi kilifanya kazi zaidi kati ya hivyo viwili, ila nalala.

Sasa niseme kwa nini sauti ya mtu kwenye redio ni jambo zito kwangu. Baba alikuwa na kisukari, miaka tisa anakunywa metformini na anakwenda kliniki vizuri tu. Alafu kuna redio moja, siitaji, ilikuwa na kipindi cha asubuhi kinaitwa cha afya, kumbe ni mtu amelipia muda anauza chupa yake, inatibu sukari, presha, vidonda vya tumbo na nguvu za kiume, chupa moja hiyohiyo. Anaongea kwa upole, anataja majina ya kitaalamu, watu wanapiga simu kutoa ushuhuda. Mzee akanunua. Akaweka vidonge pembeni kimyakimya, sisi hatujui, mama ndo alikuja kuvikuta kwenye droo paketi hazijafunguliwa. Tulipompeleka hospitali sukari ilikuwa imepanda mpaka mashine haisomi. Kwa hiyo nikimsikiliza mtu yeyote anayeongelea afya hewani, cha kwanza nachouliza sio ana sauti nzuri, nauliza huyu kajuaje, na akikosea nani anamwambia. Ndo maana nilivyoipenda hii podkasti nikaanza kumfuatilia huyu mtu katoka wapi, na kazi yake yote ilivyokwenda nadhani inaeleza kwa nini hizi dakika kumi na tano zimesimama.

Alizaliwa Kolkata, India, 1957. Akasoma falsafa, siasa na uchumi Oxford, akafanya kazi benki London miaka michache, akaona sio, akarudi shule kusoma udaktari pale Royal Free kwa nia ya kuwa daktari wa magonjwa ya akili. Hapo ndo penyewe. Mtu aliyeacha pesa za benki kwa sababu alitaka kujua kichwa cha binadamu kinaumwaje, alafu akiwa huko ndani akavunjika moyo akaona matibabu ya akili ya wakati ule yana mipaka mingi mno kuliko alivyotegemea. Akamaliza udaktari ila 1985 akaingia BBC kama mwanafunzi wa kazi, wa chini kabisa. Miaka kama ishirini ya mwanzo hukuwa unamuona, alikuwa nyuma ya kamera anatengeneza vipindi vya sayansi. Mi naona hii miaka ya nyuma ya kamera ndo iliyompa adabu, maana ukimsikiliza anavyomhoji profesa unaona ni mtu aliyezoea kutafuta jibu, hatafuti kuonekana.

Na kuna kipindi kimoja alichotengeneza 1994 ambacho nataka nikikalie kidogo kwa sababu kinatuhusu sisi moja kwa moja. Nani hapa hajawahi kuambiwa acha mawazo utapata vidonda vya tumbo? Kwetu ni kama sheria, mtu akishika tumbo tu watu wanauliza una stresi gani. Na sio sisi peke yetu, madaktari wa dunia nzima waliamini hivyo, mawazo na pilipili na tindikali. Kule Perth, Australia, Robin Warren aliona bakteria kwenye vipande vya tumbo la wagonjwa, akaungana na kijana Barry Marshall, wakasema hivi vidonda vingi vinatokana na hawa bakteria, Helikobakta pailori, na wakubwa wakawacheka kwa sababu kila mtu alijua tumboni bakteria hawaishi. Marshall 1984 akakoroga bakteria wenyewe akanywa, akaumwa tumbo kweli, wakaonekana tumboni mwake. Miaka kumi baadaye bado wagonjwa wengi walikuwa wanapewa dawa za kupunguza tindikali maisha yao yote, ndo Mosley akatengeneza filamu nzima kuhusu huo ugomvi, na baadhi ya wakubwa wa utabibu wakaiponda kwamba imeegemea upande mmoja. 1995 chama cha madaktari Uingereza kikampa tuzo ya mwandishi bora wa habari za tiba. 2005 Marshall na Warren wakachukua Nobel.

Kaka yangu mkubwa aliambiwa na daktari, na hospitali naihifadhi, apunguze mawazo. Miaka minne anapunguza mawazo. Alikuwa ameacha maharage, ameacha chungwa, ameacha kugombana na mke wake, tumbo liko palepale. Mwaka jana mimi nimetoka kusoma habari za hiyo filamu nikamng'ang'aniza akapime choo, wakaonekana bakteria, akapewa dozi ya siku kumi na nne, amoksisilini na klarithromaisini na omeprazo, na sasa hivi anakula maharage. Sisemi kila kidonda ni bakteria, vingine vinaletwa na hivi vidonge vya maumivu tunavyomeza kama karanga, diklofenaki na aspirini, na mtu mwenye msongo anaweza kusikia maumivu makali zaidi. Ila ile kumlaumu mgonjwa kwamba amejiletea kwa kuwaza, miaka minne, inaniuma mpaka leo. Na kilichosaidia mwisho wa siku ni mwandishi mmoja aliyekaa chini akauliza hawa wawili wanaochekwa ushahidi wao ni upi.

Haya, tuje kwenye kufunga, maana wengi wanamjua kwa hilo. 2012 alipimwa damu akakuta yeye mwenyewe ana kisukari, kwa nje mwembamba ila ndani mafuta yamezunguka viungo, na baba yake alishakuwa na kisukari pia. Hapo nilipata baridi mwilini maana ni hadithi ya nyumbani kwetu. Badala ya kuanza dawa akajaribu siku tano kula kawaida na siku mbili kula kidogo sana, kalori 600 kwa mwanaume na 500 kwa mwanamke, akapungua kilo kama tisa na sukari ikarudi kawaida, dunia nzima ikaanza kuiga. Mi nilivyosikia siku mbili kwa wiki nikawaza mbona bibi yangu Tanga alikuwa anafunga sunna ya Jumatatu na Alhamisi maisha yake yote, ingawa sio kitu kimoja, yeye Mosley anakunywa maji na anakula kidogo, na bibi nia yake ilikuwa nyingine kabisa.

Lakini hapa naomba mnisikilize vizuri kwa sababu ya baba. Mosley alikuwa ndo kwanza amegundulika na ana elimu ya udaktari. Usichukue hii habari ukaweka vidonge vyako kwenye droo. Kuna utafiti mkubwa uliofanyika Uingereza na matokeo yake ya mwaka wa kwanza yakatoka 2017, watu wenye kisukari aina ya pili kisichozidi miaka sita, wakapunguzwa uzito kwa mpango maalum, na baada ya mwaka 46% sukari ilikuwa imerudi chini bila dawa, hiyo ni karibu nusu na ni habari njema sana, ila wale dawa zao zilisimamishwa chini ya usimamizi wa kliniki, na nusu nyingine na zaidi hawakufika huko. Ukitaka kujaribu nenda kaongee na daktari wako kwanza umwambie unataka kupunguza uzito, mkubaliane dawa ipunguzwe vipi, usifunge huku unameza dozi ileile, unaweza kuanguka.

Kuna mambo mengine alifanya mwilini mwake ambayo sidhani kama kuna mtu anapaswa kuyaiga ila yanaonyesha alivyokuwa anaichukulia kazi. Kwa kipindi cha 2014 alikwenda mpaka Kenya kutafuta ng'ombe mwenye tegu, akameza vile vifuko vya lava makusudi, akakaa nao wiki kadhaa alafu akameza kamera ndogo ya kidonge tukawaona wale minyoo wamejiachia ndani ya utumbo wake. Alichagua tegu wa ng'ombe kwa sababu wa nguruwe ni hatari zaidi, lava wake wanaweza kwenda kukaa kwenye ubongo wakaleta kifafa, na hilo sio la kusoma tu, tafiti zimefanyika hapahapa Mbulu kule Haydom kuhusu kifafa kinachotokana na tegu wa nguruwe. Fikiria watu wangapi wamepelekwa kwa waganga wakaambiwa wana pepo, kumbe ni nguruwe anayezurura na choo kisichochimbwa. Hii ndo aina ya habari ya akili na afya ambayo ningelipa pesa nisikie kwa Kiswahili kila wiki.

Mapungufu yapo na nitayasema. La kwanza, yule mtu mmoja anayejaribu kwa siku chache sio ushahidi. Anasema nimelala vizuri, najisikia mwepesi, sawa, lakini umemwambia mtu anashiriki kipindi cha redio na kitu hiki kitamsaidia, lazima atajisikia mwepesi. Ukisikiliza chukua sehemu ya mwanasayansi, ya yule mtu ichukulie kama kampani tu.

La pili, tafiti zenyewe zina maneno madogo pembeni ambayo robo saa haitoshi kuyasema. Mfano maji ya baridi, kuna utafiti wa Uholanzi wa 2016, watu zaidi ya 3,000, waliomalizia kuoga kwa maji ya baridi sekunde thelathini mpaka tisini kila siku kwa mwezi mmoja, na kukosa kazini kwa ugonjwa kulipungua kwa 29%. Safi. Ila siku walizojisikia wanaumwa hazikupungua, yaani waliumwa sawa na wengine ila walikwenda kazini. Ni vitu viwili tofauti hivyo. Na kwa sisi wa Dar kuna jambo jingine, maji ya simtank lililopigwa na jua kutwa yanatoka ya vuguvugu, hilo jambo moja limetungwa na mtu wa nchi ya baridi kwa ajili ya watu wa nchi ya baridi, mi nilijaribu siku mbili nikaachana nalo. Hata kusimama mguu mmoja, ambako yeye alikuwa anakufanya wakati anapiga mswaki na mi nakufanya mpaka leo, 2022 ulitoka utafiti wa Brazil wa watu 1,702 wa miaka 51 mpaka 75 ukaonyesha walioshindwa kusimama sekunde kumi walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kufa miaka iliyofuata, watu mitandaoni wakaanza kutishana. Kushindwa kusimama ni dalili tu ya mwili uliochoka, kama taa ya mafuta kwenye gari, kusimama peke yake hakukuongezei umri.

Kwenye chakula ndo naona panalegalega zaidi. Chokoleti nyeusi, mafuta ya zeituni, sijui nini, unaandika orodha ukienda supermaketi unarudisha vitu kaunta. Inaniumiza ukikumbuka kakao inalimwa Kyela na sisi hiyo chokoleti tunaikuta kwenye shelfu la vitu vya nje. Ila kile cha samaki wenye mafuta kisikilizeni, maana hao tunao, vibua wapo Feri kila asubuhi na dagaa wapo kila soko, na wala sio chakula cha kujivunia kwa hiyo bei inavumilika. Na kwenye mambo ya kupungua haraka alivuka mstari kwa maoni yangu, 2020 alifanya kipindi cha televisheni cha kupunguza kilo sita na zaidi ndani ya siku 21, wakati wa korona, na shirika la Beat linalosaidia watu wenye matatizo ya kula likalalamika wazi na kuongeza masaa ya simu ya msaada. Nampenda ila hapo walikuwa na haki. Mwenye historia ya kujinyima kula au kujitapisha aruke vipindi vyote vya chakula kabisa.

Na la mwisho kwenye mapungufu, hii sio tiba ya sonona. Mfanyakazi mwenzangu nilimtumia kwa nia njema kabisa, akanijibu siku ya pili kwamba amesikiliza habari ya kuhesabu neema na amejiona mbaya zaidi, kwa sababu neema anaziona na bado hawezi kunyanyuka kitandani. Nilijisikia vibaya sana. Tukaenda wote kliniki ya afya ya akili na sasa yupo kwenye matibabu. Mtu akishafika kwenye hali ile mpeleke akaonwe na wataalamu, hizi podkasti zisubiri kwanza. Mosley aliyetaka kuwa daktari wa akili naamini angekuwa wa kwanza kukubali, ningependa tu lisemwe kwa sauti kubwa zaidi kwenye vipindi vyenyewe.

Kwa wasioweza kuanza na yote, nendeni kwenye cha kupumua, cha kutembea asubuhi, na cha kuimba, hicho cha kuimba wapenzi wa taarab na wanakwaya mtafurahi maana anaeleza mlichokuwa mnakijua. Baada ya hapo tafuteni mfululizo wake mwingine wa 2023, Deep Calm, ule ni mrefu na wa taratibu zaidi, kuna wa kulegeza misuli mmoja mmoja kuanzia miguuni, mi huwa siufikii mwisho nishalala. Nyota nne kati ya tano, nyota ya tano nimeibakiza kwa ajili ya mambo ya chakula.

Nilikuwa nimeshasikiliza vipindi kama kumi ndo nikajua kuwa ameshafariki. Tarehe 5 Juni 2024, akiwa likizo na mke wake kwenye kisiwa cha Symi, Ugiriki, aliondoka ufukweni peke yake kwa miguu mchana kwenye joto kali, hakurudi, wakamtafuta siku nne, wakampata tarehe 9. Alikuwa na miaka 67. Mtu aliyewatembeza watu wengi hivyo akafia kwenye matembezi. Wiki hiyohiyo, tarehe 14, BBC wakatenga siku nzima kwa ajili yake na wakarusha mazungumzo aliyoyafanya Mei jukwaani kwenye tamasha la vitabu la Hay na mwanasaikolojia Paul Bloom, wanaongelea maisha mazuri ni yapi kwa mujibu wa sayansi ya akili. Nimeisikiliza mara moja tu. Anacheka, anauliza maswali, anasikika kama mtu mwenye miaka mingi mbele yake, na mi nilikuwa kwenye kiti cha dirishani nikajifunika mtandio usoni mpaka Rangi Tatu.

Mama yupo Tanga, Kiingereza hakipandi, kwa hiyo kila Jumapili nampigia namsimulia kipindi kimoja kwa Kiswahili. Na yeye toka baba aondoke halali. Jumapili iliyopita akaniuliza yule daktari wako wa Ulaya kasema nini wiki hii. Sikuwahi kumwambia. Nikamwambia mama, yule alishafariki, hata kabla mi sijaanza kumsikiliza. Akanyamaza kidogo, akasema innalillahi wa inna ilayhi rajiun, na mbona unavyonisimulia ni kama yupo. Alafu akauliza, mwanangu, ile ya kupumua unashikilia nne au mbili, maana mi nashikilia nne na kichwa kinanizunguka. Nikamwambia mbili, mama. Unashikilia mbili.